Kile Kitu Nyuma ya Jicho

Asubuhi ile Kaltum alishona kola ya shati la shule, akaifumua, akaishona tena, na bado uzi ulipita pembeni. Akainama karibu na cherehani. Sindano zilikuwa mbili, zimesimama bega kwa bega, zikipanda na kushuka pamoja. Akafumba jicho la kushoto, ikabaki moja. Akalifumbua, zikarudi mbili.

Alikuwa fundi wa sare za shule huko Bwiza, mtaa mmoja wa Bujumbura. Duka lake lilikuwa chumba kimoja chenye mlango wa barabarani na cherehani mbili zinazotazamana. Ya pili ilikuwa ya Mawazo, mwanamke wa Uvira aliyevuka mpaka na watoto wake zamani, akaanza kazi hapo kwa kushona vifungo tu. Walikuwa wametazamana hivyo miaka mingi, hata kila mmoja aliujua uso wa mwenzake kuliko wake mwenyewe.

"Mama Rania," Mawazo akasema, mguu umesimama juu ya pedali. "Jicho yako inalala."

"Nimechoka tu."

"Apana. Moja ndiyo inalala. Ingine inaniangalia."

Kaltum akachukua kioo cha wateja. Kope la kushoto lilikuwa limeshuka nusu, kama pazia lililochomoka kwenye ndoano upande mmoja. Alijaribu kulipandisha. Paji la uso likakunjika, kope halikusogea. Kwa wiki kadhaa alikuwa akisikia maumivu nyuma ya jicho hilo, akajiambia kwamba umri umefika wa kuvaa miwani, akanunua vidonge vya kichwa na kuendelea na kazi.

Mawazo alitupa kitambaa juu ya cherehani yake. "Twende kwa dokteri wa macho. Sasa hivi, siyo kesho."

Daktari wa macho alimpigia tochi jicho la kulia, kisha la kushoto, kisha akarudia la kushoto. Alikuwa ameanza kwa mzaha kuhusu mafundi wanaoharibu macho kwa uzi mweusi. Mzaha ukaishia hapo. Alitoka nje ya chumba akapiga simu, na kupitia mlangoni Kaltum alimsikia akisema kwa Kifaransa kwamba mgonjwa anatakiwa kupigwa picha ya kichwa leo, siyo wiki ijayo, leo.

Daktari wa magonjwa ya kichwa aliitwa Anselme, mtu mzima, mpole, anayezungumza taratibu kama anayetembea kwenye matope. Azhar, mume wa Kaltum, alikuwa amefunga duka lake la vitambaa, lile alilorithi kwa baba yake Muhanna, akaja mbio. Mawazo alibaki kwenye benchi nje. Kwenye picha daktari alifuata mshipa kwa ncha ya kalamu yake, kutoka shingoni kupanda, mpaka mahali ulipoacha kuwa mshipa na kuwa mfuko mviringo.

"Hii ni njia ya damu kwenda kwenye ubongo," akasema. "Hapa, nyuma ya jicho, ukuta wake umechoka, umevimba. Tunaita anevrizimu. Imekuwa kubwa, inabana neva ya jicho. Ndiyo maana kope imeanguka."

"Ni kansa?" Azhar akauliza.

"Apana, si kansa. Ni mfuko wa damu."

"Na huo mfuko unafanya nini?"

Daktari aliweka kalamu mezani. "Ikitulia, inabana tu. Ikipasuka, damu inamwagika ndani ya kichwa."

Kaltum akainua uso. "Itapasuka lini?"

"Sijui, mama. Hakuna mutu anajua. Inaweza kuwa wiki hii, inaweza kuwa miaka. Lakini ya kwako ni kubwa na imeanza kusumbua. Mi singependa tungoje." Akaeleza kwamba kuna matibabu mapya, kibomba cha wavu kinachowekwa ndani ya mshipa bila kupasua fuvu, ila hapa Bujumbura hakuna anayeyafanya. Alimjua daktari mmoja Dar es Salaam. Angeandikiana naye. Nafasi ingepatikana, lakini si kesho wala keshokutwa.

Hivyo ndivyo walivyorudi nyumbani, na kile kitu kikarudi nao.

Hawakukiita kwa jina alilolitaja daktari. Walisema "kile kitu", na baada ya siku chache hata hilo waliacha, wakawa wanagusa tu upande wa kushoto wa kichwa. Azhar alipaka mafuta bawaba za milango zisipige kelele. Pilipili iliondoka jikoni isije ikamfanya apige chafya. Chafya ilipomjia hata hivyo, Kaltum aliibana pua kwa vidole viwili na kusimama katikati ya ua, macho yamefumba, akingoja. Hakuna kilichotokea. Alikaa dakika nyingi baadaye akihesabu majina ya watoto wa ndugu zake ili ajue kama akili bado ipo.

Sala ndiyo iliyomuumiza zaidi. Siku ya kwanza alipokwenda sijida alisikia damu yote ikimshukia usoni, jicho likapiga ngoma, na wazo likamjia kwamba atakufa hapa, kwenye mkeka, na binti yake ndiye atakayemkuta. Hakumaliza rakaa. Tangu hapo alisali juu ya kiti, akiinamisha kichwa kidogo tu kama mtu anayemsalimia jirani, na kila mara aliomba msamaha kwa hilo.

Rania, binti yao, alikuwa na umri wa kuuliza. Alianza kutembea kwa vidole vya miguu. Mchana mmoja alikaa karibu na mama yake, akamnong'oneza, "Mama, kile kitu kinasikia?"

"Kinasikia nini?"

"Tukizungumza. Baba alisema tusipige kelele."

Kaltum alitaka kucheka, lakini alijikuta na yeye akijibu kwa sauti ya chini. "Hakisikii. Hakina masikio."

Kaltum akilala mchana, Azhar alikuwa akitoka dukani na kuja kusimama mlangoni mwa chumba. Kaltum alimsikia kila siku, pumzi yake, viatu alivyovivua nje. Alikuwa anaangalia kama shuka inapanda na kushuka. Siku moja Kaltum alisema bila kufumbua macho, "Niko hai, baba Rania." Azhar aliondoka haraka kama mtu aliyefumaniwa. Lakini kesho yake alirudi, na Kaltum hakusema kitu tena. Sikio lake lilikuwa limelala juu ya mto, na ndani ya mto alisikia moyo wake. Kila pigo lilikuwa damu inayokwenda kugonga ukuta ule uliochoka. Usingeweza kuuambia moyo upumzike kidogo.

Dar es Salaam ilikuwa joto na maneno ya haraka. Daktari wa huko alikuwa mwanamke kijana, Kiswahili chake cha pwani kikikimbia, na Kaltum alilazimika kumwomba mara mbili arudie. Daktari hakuchoka. Alifungua kikasha na kumwekea mkononi kibomba kimoja cha mfano, chembamba kuliko utambi, kilichofumwa kwa nyuzi za chuma zisizoonekana moja moja.

Kaltum alikikodolea jicho lake zima. Alikiminya, kikanyooka. "Kimefumwa," akasema.

"Kimefumwa kabisa. Tutakipitisha kwenye mshipa wa paja, kitapanda hadi shingoni, hadi kichwani. Kikifika mbele ya mdomo wa mfuko, tunakifungua. Damu itapita ndani ya bomba iende zake. Ile iliyobaki mfukoni itasimama, itaganda taratibu, mfuko usinyae."

"Kwa hiyo kile kitu hamkitoi?"

"Hatukitoi. Mwili wenyewe ndio utakaokifunga."

"Siku ngapi?"

"Siyo siku, dada. Miezi. Wengine nusu mwaka, wengine mwaka na zaidi."

Kaltum alimtazama Azhar, kisha daktari. Safari yote alikuwa amejiambia kwamba atakwenda nacho na kurudi bila kuwa nacho. "Na kabla hakijafunga, kinaweza kupasuka?"

"Inatokea kwa wachache sana," daktari akasema. "Lakini sitakudanganya kwamba haiwezekani." Kisha akamshika mkono. "Nisikilize kwenye hili kuliko yote. Bomba ni chuma. Damu ikikutana na chuma kigeni hutaka kuganda juu yake. Nitakupa asipirini na kidonge hiki cha rangi ya waridi, vizuie hilo mpaka mwili ukizoee chuma. Usiache bila kuniuliza. Ukiona damu puani, ukiona alama mwilini, kichwa kikiuma, nipigie kwanza."

Siku ya kazi yenyewe walimlaza juu ya meza nyembamba katika chumba chenye baridi, mashine kubwa ikining'inia juu yake. Alitamka shahada kabla ya kulazwa usingizi, akaitamka tena kwa kuogopa kwamba ya kwanza aliikosea. Halafu hakukuwa na kitu. Alipozinduka alisogeza vidole vya mkono, kisha vya mguu, akauliza kwa sauti iliyokwaruza, "Kimepasuka?" Muuguzi akamwambia hapana, kimewekwa vizuri kabisa, na Azhar, aliyekuwa amesimama nyuma ya muuguzi, alianza kulia bila kujificha.

Waliporudi Bwiza wageni walijaa sebuleni. Waliketi, wakanywa chai, wakamwangalia. Kope lilikuwa bado limeshuka. Hakuna aliyesema kitu mbele yake, lakini mlangoni, wakivaa viatu, alimsikia mmoja akimuuliza mwenzake, "Sasa wamemufanya nini kule?"

Na yeye alijiuliza hivyo hivyo. Akipiga mswaki, povu lilitoka jekundu. Akigonga kiuno kwenye meza ya kukatia, kesho yake kulikuwa na doa la zambarau lenye ukubwa wa kiganja. Yote hayo daktari alikuwa ameyasema, na Kaltum aliyavumilia. Kilichomshinda ni kichwa. Wiki chache baada ya kurudi, maumivu nyuma ya jicho yalianza upya, makali kuliko mwanzo, kama mtu aliye ndani anasukuma kwa kidole gumba ili atoke.

Hakumpigia daktari. Namba ilikuwa kwenye simu yake, alikuwa akiifungua na kuitazama. Aliogopa kwamba daktari atanyamaza kidogo kabla ya kujibu. Alimwambia Azhar kwamba kichwa kiko sawa.

Mtu wa kwanza kuambiwa ukweli alikuwa shangazi Soumaya. Huyu alikuwa dada wa marehemu Muhanna, ndiye aliyemlea Azhar baada ya mama yake kufa, na tangu ugonjwa uanze alikuwa akija kila alasiri kutoka mtaa wa Buyenzi na chupa ya maziwa ya tangawizi. Alimkuta Kaltum amekaa chini, ameegemeza kichwa ukutani.

"Unaumwa, mwanangu. Usinifiche."

Kaltum akamweleza yote, madoa, damu ya mswaki, kidole kinachosukuma. Shangazi alisikiliza, machozi yakimlenga. Kwa maoni yake kulikuwa na damu mbaya iliyobaki, na ilihitaji kutolewa kwa hijama, yaani kuumikwa kwa vikombe na kuchanjwa kidogo mgongoni. Alikuwepo mzee Rachidi pale Buyenzi, mtu wa dini, mkono wake mwepesi.

Alasiri iliyofuata alirudi na jibu. "Rachidi ameuliza kama unameza dawa ya kufanya damu nyepesi. Nimemwambia ndiyo. Amekataa. Anasema mtu wa hivyo hamchanji, damu haitakata. Anasema mpaka uache kwanza."

"Dokteri alisema nisiache."

"Dokteri yuko Dar es Salaam. Hakuoni." Shangazi akamshika uso kwa mikono miwili. "Angalia mwili wako, Kaltum. Ile dawa inakutoboa kutoka ndani."

Usiku na mchana Kaltum aligeuza jambo hilo kichwani. Daktari alisema damu ya mfukoni lazima igande ndipo kitu kifungike. Sasa kwa nini anameza dawa ya kuizuia damu isigande? Na mshipa ambao unaweza kupasuka, unaunywesha dawa ya kufanya damu isikate? Kadiri alivyolifikiria ndivyo vidonge vilivyoonekana kuwa adui. Asubuhi Azhar alipomletea na glasi ya maji, aliviweka chini ya ulimi, akanywa, akangoja atoke, akavitemea kwenye leso.

Hakuna kilichotokea. Akafanya hivyo tena kesho yake, na siku zilizofuata. Povu la mswaki likawa jeupe. Madoa yakaanza kugeuka manjano. Kwa mara ya kwanza tangu siku ya sindano mbili alisikia kifua kinafunguka, akasema na nafsi yake kwamba wiki ijayo atakwenda kwa mzee Rachidi, na yataisha.

Shule zilikuwa zinakaribia kufunguliwa, na duka lilikuwa limejaa mashati ya kaki. Kaltum alikuwa akikata, kwa kuwa kushona kwa jicho moja kulimchosha. Alinyoosha mkono kwa Mawazo amwombe chaki.

"Nipe mvua," akasema.

Mawazo akainua kichwa. "Nini?"

Kaltum alilisikia kosa. Alijua neno analolitaka, aliiona chaki yenyewe, ya bluu, kando ya kiwiko cha Mawazo. "Mvua," akasema tena. "Mvua ya... ya shati." Mkasi ukaanguka. Hakuuachia. Mkono wa kulia ulikuwa umening'inia kando yake kama mkono wa sare isiyo na mtu ndani. Alipouangalia, hofu aliyokuwa amekaa nayo miezi yote ilionekana ndogo, mchezo wa watoto. Hii hapa ndiyo yenyewe.

Mawazo alikuwa amekwisha kuruka meza. "Mudomo wako umepinda. Mungu wangu. Mama Rania, nishike, nishike shingo!" Alipiga kelele barabarani mpaka tuktuk ikasimama, akampakia, na njia nzima alimshikilia kifuani kama mtoto huku akimpigia Azhar simu na mkono mwingine.

Hospitalini Anselme alikuja karibu anakimbia. "Imeanza wakati gani?"

"Sasa hivi, dokteri. Nilikuwa namuangalia kwa macho yangu."

"Vidonge anameza?"

"Anameza. Bwana yake anamupa kila asubuhi, hakosi."

Kaltum alisikia hilo. Alielewa kila neno, na alielewa kwamba si kweli, na kwamba daktari sasa atatafuta sababu mahali ambapo haipo. "Mlango," akasema. Haikuwa hivyo. Alikusanya nguvu zake zote. "Apana. Mlango. Mlango wa... apana!"

"Tulia, mama. Usijisumbue," muuguzi akasema akimlaza.

Hawakujua. Neno lilikuwa pale, fupi, vidonge, mtoto mdogo angelisema, na kila alipofungua mdomo lilitoka lingine. Aliona wanasukuma kitanda, taa za dari zinapita, na wazo lililokuwa kichwani ni kwamba atakufa na siri ya kijinga kama ile. Akamshika Mawazo nguo kwa mkono wa kushoto, akamvuta mpaka akainama. Akanyoosha ulimi. Akaweka kidole juu yake kama anayeweka kidonge. Akafunga mdomo. Halafu akaufungua, akakitoa tena kile kisichokuwepo, akakifumbata kiganjani.

Mawazo alimwangalia. Kaltum akarudia, machozi yakimwingia masikioni. Ulimi, kidole, kufunga, kutoa, kufumbata.

"Unazitema?" Mawazo akasema polepole. "Vidonge. Ulikuwa unazitema?"

Kaltum akaitikia kwa kichwa, na tena, na tena.

"Dokteri! Dokteri, hamezi! Amekuwa anazitema!"

Anselme alisimama kama aliyepigwa. "Picha kwanza," akawaambia wauguzi. "Haraka. Kama ni damu imemwagika, vidonge vitamumaliza. Kama ni bomba imeanza kuziba, vidonge ndiyo vitamuokoa. Sitampa kitu mpaka nione."

Haikuwa damu iliyomwagika. Anselme alizungumza na daktari wa Dar kwenye simu, miwani imepanda kwenye paji la uso, akirudia kila kipimo cha dawa kwa sauti. Walihakikisha kwanza kwamba Kaltum anaweza kumeza maji bila kupaliwa, kisha wakampa vidonge vingi kwa mara moja, na chupa ya maji ya mshipani. Kisha wakangoja. Azhar alifika, shati limelowa jasho, akashika mguu wake chini ya shuka na hakuuachia. Hakuna aliyeweza kusema kama kilichoziba kitafunguka.

Jua lilikuwa linaelekea kwenye ziwa wakati kidole cha shahada cha mkono wa kulia kiliposogea. Kaltum alikitazama, akakisogeza tena ili ajue ni yeye. Baadaye kidogo ulimi ukawa mwepesi. Alijaribu neno moja kimya kimya ndani ya mdomo kabla ya kulitoa.

"Rania amekula?"

Ilitoka nzito, imevutwa, lakini ilikuwa hiyo hiyo. Mawazo aliketi chini sakafuni pale alipokuwa amesimama.

Kesho yake Anselme alivuta kiti. Hakuwa na hasira, na hilo lilimuumiza Kaltum zaidi. Alimwambia kwamba mtu alikuwa na haki ya kuchanganyikiwa. Ndani ya mfuko wanataka damu igande, na itaganda tu yenyewe kwa sababu imesimama. Ndani ya bomba hawataki igande kabisa. Vidonge ni vya kulinda bomba.

"Na kichwa?" Kaltum akauliza. "Kilikuwa kinauma kuliko mwanzo. Nilijua kinapasuka."

"Mfuko ukianza kuganda unavimba, unawaka moto kidogo. Unauma. Ile maumivu, mama, ilikuwa kupona. Kuna dawa ya kuituliza. Ungetupigia simu tungekupa."

Kaltum aligeuzia uso ukutani. "Niliogopa mtanijibu."

Alimweleza Azhar yote siku hiyo. Azhar alisimama, akakaa, akasimama. Mishipa ya shingo ilikuwa imemtoka. Alitaka kupiga kelele na hakuthubutu kupiga kelele mbele ya kitanda kile. "Shangazi hatakanyaga kwangu," akasema kwa sauti ya chini. "Wallahi hatakanyaga."

"Hakunilazimisha. Aliogopa, kama mimi. Na wewe unaogopa."

"Mi naogopa, lakini sikukuambia uache dawa!"

"Apana. Ulikuja kusimama mlangoni kila mchana. Hatukuzungumza hata siku moja, baba Rania. Nani angekuambia kwamba kichwa kinauma, wakati ukinitazama ni kama unatazama jeneza?"

Azhar aliketi ukingoni mwa kitanda, akasema, "Nilikuwa nahesabu pumzi zako. Zikichelewa nilikuwa nasahau kuvuta za kwangu." Wakazungumza siku ile kuliko walivyozungumza tangu ugonjwa uanze.

Shangazi Soumaya alikuja Kaltum aliporudi nyumbani. Alisimama nje ya kizingiti na chupa yake, na Azhar amejaa mlangoni. "Mi ndiye nilimwambia aache," akasema. "Nilitaka apone. Ukinifukuza, nimestahili." Kutoka ndani Kaltum akaita, "Mwache apite." Na tangu siku hiyo shangazi alifika kila asubuhi kabla ya chai. Alimpa vidonge yeye mwenyewe, kisha akavaa miwani. "Fungua kinywa. Inua ulimi. Huku. Na huku." Rania alicheka mpaka akashika tumbo.

Walirudi Dar es Salaam kupigwa picha baada ya zaidi ya nusu mwaka. Kaltum hakulala vizuri kabla ya safari, wala Azhar, na safari hii waliambiana. Mfuko ulikuwa umeziba isipokuwa kijisehemu kimoja karibu na mdomo wake, na daktari alitarajia nacho kitaziba. Bomba lilikuwa wazi. Kope lilikuwa limepanda, ingawa si sawasawa na lenzake. Akitazama sana kulia, vitu bado vinakuwa viwili. Vidole viwili vya mkono wa kulia vinachelewa kidogo kumtii, kwa hiyo matundu ya vifungo ni kazi ya Mawazo, na jina la Mawazo liko kwenye kibao cha duka chini ya lake. Kidonge cha waridi kiliachishwa baadaye, kwa ruhusa ya daktari. Asipirini anaendelea nayo. Hofu pia hakuambiwa tarehe yake ya kuacha. Ipo siku hajaikumbuka mpaka jioni, na ipo siku kichwa kinamgonga kidogo tu naye anasimama katikati ya barabara, hasogei, mpaka mtu ampigie honi.

Juzi alikuja mwanamke kijana dukani, anatoka Kanyosha, jina lake Irène. Hakuwa na kitambaa cha kushonwa. Alikuwa na bahasha kubwa ya picha za hospitali ameibana kwapani, na alizungumza akiangalia sakafu. Walimwambia pale hospitali kwamba kuna mama wa Bwiza aliyefanyiwa.

"Inaumiza?" akauliza.

"Kazi yenyewe utakuwa umelala," Kaltum akasema. "Baadaye kichwa kinauma. Mi sitakudanganya. Kitauma, utaogopa, na utapiga simu siku ile ile."

"Mi naogopa hata kukohoa."

"Najua."

Mawazo alisukuma kiti kwa mguu, Irène akaketi. Bahasha ilikuwa imelowa jasho mahali alipoishika.

"Mume wako amesema nini?" Kaltum akamuuliza.

Irène aliikunja pembe ya bahasha. "Bonfils hajui. Nilimwambia nakwenda sokoni."

Kaltum alitoa mashati mapajani, akayaweka juu ya meza, akachukua mtandio wake kwenye msumari.

"Inuka," akasema. "Twende tukamwambie."